Mwalimu Aliyetugawia Milima

Kijijini kwetu kuna watu wazima, wengine wana wajukuu, wanaitana Rungwe, Udzungwa, Uluguru. Mgeni akipita anadhani ni majina ya koo. Siyo. Ni Mwalimu wa Jiografia aliyetugawia milima tukiwa darasa la nne, kila mtu wa kwake, na mpaka leo hakuna aliyerudisha.

Mimi ni Meru. Jina la ubatizo ninalo, na watu wengi wananiita Mama Neema kwa ajili ya mwanangu wa kwanza. Lakini mtu akiita "Meru!" nyuma yangu gulioni, hata kama nina ndoo kichwani, nageuka.

Mimi shule niliishia darasa la tano, na aliyenitoa nitamtaja hapa hapa, sina sababu ya kumficha. Yapo mambo mengi nikiyakumbuka chakula hakipiti. Mwalimu siyo mojawapo. Huyu nikimkumbuka nakaa vizuri kwenye kigoda.

Alitoka wapi, wa kabila gani, watu waliulizana sana mwanzoni. Yeye alijibu, "Nimetoka upande wa barabara," na hapo ndipo maswali yaliishia. Alivaa koti la kijivu, masika na kiangazi, na mfukoni mlikuwa na karanga za kuchemsha alizokula huku anafundisha, maganda anayarudisha mfuko mwingine. Alikuwa na baiskeli ambayo aliisukuma zaidi kuliko alivyoipanda. Barabara ikiteremka kidogo tu, anashuka. Tulidhani anaihurumia. Baadaye tukajua: mwalimu wetu wa milima alikuwa anaogopa kwenda juu, na kuteremka ndiyo alikuwa anaogopa zaidi.

Nyuma ya shule kipo kilima chetu. Ni yale mawe ya Singida, makubwa kuliko nyumba, yamelaliana kama ng'ombe wanaocheua, na juu kabisa kuna jiwe moja pana lenye mgongo wa bapa. Hapo ndipo alipofundishia. Alipanda ameshika vichaka, anahema, anatuambia tusimsukume. Kushuka alishuka amekaa, anajivuta kwa makalio, madaftari yetu yako kifuani. Walimu wengine makoti yao yalichakaa viwiko. La kwake lilichakaa nyuma.

Tulimcheka, na alijua tunamcheka. Siku moja Shabani, ambaye leo ni mwenyekiti wa kijiji, alimuuliza, "Mwalimu, kama unaogopa, kwa nini usifundishie chini?"

"Wewe Uluguru," alimjibu, "unataka nikufundishe kuogelea ukiwa kitandani?"

Asubuhi hakuita majina yetu. Aliita milima.

"Rungwe!"

"Nipo, Mwalimu!"

"Umesimama wapi?"

"Mbeya, Mwalimu!"

"Udzungwa!"

"Nipo, Mwalimu!"

"Umesimama wapi?"

"Iringa na Morogoro, Mwalimu!"

"Mguu mmoja huku, mmoja huku. Vizuri, usichanike."

Ukisahau mkoa wako alisema, "Leo umehama bila kuaga," na unatoka nje kusimama juani mpaka ukumbuke ulikosimama. Oldonyo Lengai alimpa mtoto mmoja mtundu sana, kwa sababu ule mlima hutema moto ukijisikia. Usambara alipewa Mariamu, jirani yangu wa dawati, kwa kuwa alikuwa na maneno mengi na milima ile ina kona nyingi. Kilimanjaro hakumpa mtu. "Nikimpa mmoja wenu ataringa, na wengine mtaacha kusoma," alisema.

Mimi nilinuna kupewa Meru. Nilitaka mlima wenye sifa. Akaniita pembeni akasema Meru ni wa pili kwa urefu nchi nzima, bahati mbaya yake ni kusimama karibu na mkubwa. "Watu wanapita wanautazama mwingine. Wewe simama tu. Mlima haupungui kwa kutotazamwa." Nilikuwa mtoto wa nne kwa mama aliyechoka, nyumbani hakuna aliyenitazama. Maneno yale niliyaweka.

Nisije nikamfanya malaika. Alichapa. Alichapa kwa fimbo ya mti mbichi, hasa aliyesema "Singida hakuna kitu." Hilo hakulisamehe. Wageni walizoea kusema hivyo, kwamba kwetu ni ukame na mawe, na sisi wenyewe tukawa tunaitikia. Alitukusanya juu ya jiwe akatuambia mlima unapimwa kuanzia baharini.

"Mmewahi kuiona bahari?"

"Hapana, Mwalimu!"

"Basi iko chini, mbali sana. Kutoka kule mpaka hapa mtu anapanda tu, anapanda tu, ila anapanda pole pole hajijui. Ninyi mmezaliwa juu ya mlima, tofauti yake ni kwamba mlima wenu ni mpana. Bahari ikijaa ikafika miguuni kwenu, watu wa Dar es Salaam watakuwa wameshazama siku nyingi, na ninyi mnachunga mbuzi hapa."

Tulishangilia sana. Mtoto mmoja alikwenda nyumbani akamwambia baba yake asiuze mbuzi, bahari inakuja. Baba yake alikuja shuleni na fimbo yake mwenyewe. Mwalimu alimpa karanga, wakakaa, wakazungumza, na yule mzee aliondoka anajua kwamba anaishi juu. Mpaka anakufa alikuwa akiwaambia wageni, "Karibuni huku juu."

Safari yetu kubwa ilikuwa ya kwenda kuona Bonde la Ufa. Mwalimu aliomba lori la mfanyabiashara wa alizeti lililokuwa linapita Manyoni, tukapangwa juu ya magunia, tukaimba mpaka sauti zikakauka. Kitu alichosahau kutuambia ni kwamba ufa ule ni mpana. Sisi tulijua ufa ni ufa, kama wa ukuta. Tulijadiliana njia nzima kama mtu anaweza kuuruka. Shabani alikuwa amebeba jiwe zuri la mviringo kutoka nyumbani, amelikumbatia tumboni, anataka kulidondosha ndani asikie litachukua muda gani kufika.

Tulishushwa kwenye ukingo, juu ya Kintinku. Mwalimu alishika mti kwa mikono miwili, akafumba macho, akasema, "Haya, tazameni."

Tukatazama. Ardhi ilikuwa imeshuka ghafla, na kule chini kuna nchi nyingine kabisa, nyeupe kwa joto, na mabati ya nyumba yanameta kama vipande vya chupa. Reli ilikuwa inapanda kwa kuzungukazunguka. Shabani alizungukazunguka na jiwe lake.

"Mwalimu, ufa uko wapi?"

"Mbele yako."

"Mbele yangu kuna mashamba."

"Ndiyo huo. Hayo mashamba yako ndani ya ufa. Wale watu wako ndani ya ufa. Na ukingo wa upande wa pili uko mbali, macho hayafiki."

Shabani alitazama jiwe lake, akatazama bonde, akaanza kulia. Mwalimu hakumcheka. Bado ameshika mti, macho ameyafumba, alisema, "Liweke hapo ukingoni, mwanangu. Ukirudi ukiwa mkubwa utalikuta." Sijui kama alilirudia.

Na kuna habari ya Moshi. Alichaguliwa kwenda semina ya walimu, na shule nzima ilijua kwamba sasa mwalimu wetu anakwenda kuuona mlima mkubwa. Alitufundisha kuuchora na theluji yake, ila yeye mwenyewe hakuwahi kuuona. Alipoondoka tulimsindikiza mpaka barabarani. Aliporudi tulipanga mstari kama tunampokea rais. Mwalimu mkuu akamwambia, "Haya, waambie watoto ulivyouona."

"Moshi nimefika," alisema. "Mlima sijauona. Ulikuwa na mawingu siku zote nilizokaa."

Mwalimu mkuu akamsogelea akanong'ona, lakini tuliokuwa mbele tulisikia: "Si useme tu umeuona? Ni watoto hawa."

"Ndiyo maana," alijibu.

Wengi walikasirika. Mimi nilimpenda kuanzia siku hiyo, kwa sababu kwetu watu wazima walikuwa wanatudanganya bila hata kupunguza mwendo.

Mmoja wao ni Elia, baba yangu mdogo. Nasema jina lake. Baba alipofariki, Elia alimwambia mama kwamba atanipeleka mjini kusoma shule nzuri zaidi. Alinipeleka mjini kweli, Utemini, kulea watoto wa mke wake na kuuza maandazi mlangoni. Shule niliiona kwa watoto waliokuwa wanapita na sare. Mwalimu alipoona mlima mmoja haujibu asubuhi, aliuliza, akaelekezwa, akaja na baiskeli yake, anaisukuma kwenye miteremko yote. Mimi nilikuwa uani nakanda unga. Nilisikia kila kitu.

"Nimemfuata Meru," alisema.

"Meru ndiyo nani?"

"Mtoto wako. Ana akili, Bwana Elia. Mrudishe amalize."

Elia alicheka. "Mwalimu, mlima hauliwi. Huyu akijua Rungwe iko Mbeya, nitapika nini jioni?"

Mwalimu alirudi tena wiki nyingine, na tena. Mara ya mwisho Elia alimfungulia mbwa. Koti lake likachanika upande. Sijamsamehe Elia, na amekufa hivyo hivyo, sijamsamehe.

Nilirudi kijijini nikiwa mama, bila mume wa kumtaja. Kazi niliyoipata ni ya kokoto. Kwetu jiwe linachomwa: mnarundika kuni juu ya mwamba, moto unalala nao, mwamba unapasuka, halafu wanaume wanabandua mapande na sisi wanawake tunakaa kwenye vivuli vya magunia kuyaponda kwa nyundo. Mariamu, yule Usambara, tulikaa pamoja kama dawati lile lile. Aliongea kutwa nzima. Vumbi lilimjaa mdomoni na bado akaongea.

Msimamizi wetu alikuwa Gidion. Huyu naye nasema jina lake, na bado yuko hai, akisoma asome. Gidion aliona kuchoma kunakula kuni na muda. Akaamuru tuchimbe chini ya jiwe kubwa lililokuwa limetokeza, ili lishuke lenyewe. Mwalimu alikuwa ameshastaafu, anapita na baiskeli yake, akasimama, akatazama.

"Gidion, jiwe hili linamenyeka kama kitunguu," alimwambia. "Tazama ule mstari. Ganda la juu limeshaachia. Watoe hawa wanawake hapo chini."

"Mwalimu, darasa lako liko kule," Gidion alimjibu, akaonyesha shule. Watu wakacheka. Mimi pia nilitabasamu, nilikuwa nimechoka.

Ganda liliachia kabla ya saa sita. Mimi lilinikuta mguu. Mariamu lilimkuta mwili wote. Alikuwa katikati ya maneno, anasema habari ya kuku wake. Gidion aliwaambia wakubwa zake kwamba tuliingia chini wenyewe, kwa tamaa.

Miezi ikapita, nikawa natembea kwa gongo. Ndipo Gidion akaleta ombi jipya: anakitaka kilima cha nyuma ya shule. Mawe yake ni mazuri, yako karibu na barabara. Na aliahidi kwamba wanawake tuliokuwa tunaponda, hata wenye vilema, tutapata kazi ya kukaa. Hapo "wenye vilema" alinitazama mimi. Shabani, ambaye alikuwa ameshakuwa mwenyekiti, alisema kijiji kitapata choo cha zahanati. Mkutano ukaitwa.

Naomba nieleweke. Mguu wangu haukuweza jembe. Kuponda kokoto nimekaa ndiyo kazi pekee iliyokuwa imebaki. Kilima kikiliwa, mimi nakula. Kikibaki, sijui.

Watu waliongea, wengi wanaunga mkono. Mwalimu akanyoosha mkono kama mwanafunzi. Shabani akampa nafasi, akamwomba awe mfupi. Mwalimu alisimama, akatutazama, akaweka ganda la karanga mfukoni.

"Rungwe!"

Muuza nyama wetu, mtu mwenye tumbo lake, alinyanyuka kabla hajafikiri. "Nipo, Mwalimu!"

"Umesimama wapi?"

"Mbeya, Mwalimu!"

Mkutano ulipasuka kwa kicheko. Vijana hawakuelewa, wakauliza wazazi wao.

"Udzungwa!"

"Nipo, Mwalimu! Iringa na Morogoro!"

"Uluguru!"

Shabani aliangalia meza. Kila mtu alimgeukia. Akasimama pole pole, mwenyekiti mzima na kofia yake. "Nipo, Mwalimu."

"Umesimama wapi?"

"Morogoro."

"Mlijifunzia wapi haya?"

Shabani akaonyesha kilima kwa kidevu.

"Meru!"

"Nipo, Mwalimu," nikasema. "Arusha."

"Usambara!"

Mtoto alikuwa anapiga debe mahali, mama yake akamnyang'anya.

"Usambara!" aliita tena, sauti ile ile, bila kupandisha.

Gidion si mtu wa kwetu, hakusoma pale. Alimuuliza jirani yake, na tulimsikia wote, "Usambara ni nani?"

Nilijishika kwenye gongo langu. "Ni Mariamu," nikamwambia. "Uliyemwambia achimbe chini ya jiwe."

Mwalimu alikaa. Shabani alivua kofia, akasema wanaotaka kilima kivunjwe wanyooshe mikono. Ilikuwa michache, na iliyonyooka haikufika juu. Akasema wanaotaka kibaki. Nilinyoosha wa kwangu, na nilijua nauondoa mdomoni kwangu.

Mwaka uliofuata nilitaabika. Nilimkasirikia Mwalimu kuliko Gidion, kwa sababu Gidion sikumtegemea kitu. Nilikuwa nikimwona njiani nakata kona. Nilisema moyoni, umeokoa ubao wako wa kufundishia, mimi umeniacha na gongo. Alinitumia salamu kwa watu, sikujibu.

Mlenda, mboga ya porini tunayoikausha na kuisaga unga, ndio ulionitoa hapo. Mvua zikishanyesha unaota kila mahali, hata mwenye mguu mmoja anachuma. Kazi ni kuukausha, kwa sababu ardhini unashika mchanga na mwenye kula anasikia kwenye meno. Unataka jiwe safi, pana, lenye jua kutwa. Jiwe la namna hiyo kijijini kwetu ni moja. Nilipanda kwa magoti siku ya kwanza. Siku hizi napanda nimesimama. Unga wangu wa mlenda hauna mchanga, na wanawake wa Utemini, mtaa ule ule nilikokanda maandazi ya Elia, wanautuma kwa watoto wao walioko mbali. Ninakula, na Neema amemaliza shule.

Mara ya mwisho kukaa na Mwalimu kwa muda mrefu ilikuwa mwaka huu, mvua zilipokwisha. Nilikuwa juu nageuza mlenda nikasikia mtu anahema vichakani.

"Hodi huko juu!"

"Karibu, Mwalimu. Shikamoo."

"Marahaba." Alitokeza kichwa kwanza, akapumzika, ndipo koti likafuata. Akatazama huku na huku. "Meru! Umenifunika jiwe lote?"

"Ndilo lenye jua, Mwalimu."

"Na watoto wakija watakaa wapi? Mwalimu mpya nimemwambia awalete kesho."

"Watakaa pembeni. Atakayekanyaga mlenda wangu namshusha kwa njia yako ya makalio."

Alicheka mpaka akakohoa. "Kwa hiyo mimi nilipigania jiko la mtu."

"Ulipigania jiwe. Jiko nimeliweka mimi."

"Bado umenikasirikia?"

"Nilikukasirikia mwaka mzima."

"Najua. Ulikuwa unakata kona pale kwa muuza nyama." Akakaa, mbali na ukingo, akavua viatu. "Nilikuwa najua unanyoosha mkono dhidi ya sufuria yako. Nililala vibaya. Lakini nisingekuambia usinyooshe."

"Ungeniambia ninyooshe?"

"Hapana, hilo nalo nisingelifanya."

Kulikuwa kweupe, Mlima Hanang ulionekana kule mbali, wa bluu. Alinyoosha mkono akaanza kunisaidia kugeuza, vibaya sana, anayaviringa majani mabonge mabonge.

"Siyo hivyo, Mwalimu, utaoza. Tandaza."

"Nimetandaza ramani maisha yangu yote."

"Ramani haiozi."

Akatandaza.

Chini barabarani ikapita pikipiki, ikapunguza mwendo, ikasimama. Alikuwa Gidion. Siku hizi anavunja mawe kijiji cha mbali, anapita tu. Alitazama juu, akaweka mkono juu ya macho kukinga jua.

"Shikamoo, Mwalimu!"

"Marahaba, Gidion."

"Mama Neema! Habari za huko juu?"

Niliendelea kugeuza. Alisubiri. Akaita tena, "Mama Neema, salamu zako!"

Mwalimu alinitazama. Huyu ni mtu aliyesahihisha kila mtu niliyemjua: aliyekosea mkoa, aliyekosea kukaa, aliyekosea kushika chaki. Nilingoja anisahihishe, na jibu nilikuwa nalo tayari, kali. Pikipiki ilinguruma, ikaondoka, vumbi lake likabaki barabarani.

Mwalimu alipitisha kiganja juu ya majani, akasikiliza yanavyolia.

"Huku pamekauka," alisema. "Tugeuze upande ule."